Filamu ya dola 6,500 iliyochukuliwa kuwa ushahidi wa utekaji wa viumbe wa angani: nani alimdanganya nani?

MkandaMweusi
Salaam wakuu. Ipo filamu moja ya Marekani ambayo wapenzi wengi wa filamu za kutisha huisikia tu bila kuiona, nayo ni UFO Abduction, iliyoongozwa na Dean Alioto na kutoka mwaka 1989. Bajeti yake ilikuwa dola 6,500. Familia ya Van Heese imekusanyika usiku mmoja wa vuli ya 1983, huko milimani Connecticut, kumsherehekea mtoto wa kike anayetimiza miaka mitano, na mmoja wa jamaa zake anarekodi sherehe kwa kamera ya video aliyoishika mkononi. Umeme unakatika. Vijana wa kiume wanatoka nje kuangalia kuna nini, wanakuta chombo kimetua na viumbe wafupi wanazunguka, wanakimbia kurudi ndani, na kuanzia hapo nyumba imezingirwa. Yote hayo tunayaona kupitia kamera hiyo moja inayotikisika, bila muziki na bila msimulizi.

Jambo lililonifanya nifungue uzi huu ni yaliyotokea baadaye. Katika miaka ya 1990 nakala zake zilizunguka miongoni mwa watafiti wa visahani vya angani zikiwa hazina majina ya waigizaji, zikapokelewa kama mkanda halisi wa familia iliyotekwa, hadi mwongozaji mwenyewe alipojitokeza kwenye televisheni akasema kazi ni yake. Wapo walioendelea kukataa hata baada ya hapo. Dai langu ni kwamba watu hao hawakudanganywa na filamu. Walikuwa wameshaamini kabla ya kubonyeza kitufe, na filamu iliwakuta njiani. Anayepinga aje na hoja.

KijanaWaUbungo
Mkuu, unaandika kana kwamba sisi tungesalimika. Kila mwaka husambazwa picha ya nguva aliyevuliwa, mara Kilwa, mara Mombasa, mara Beira, nguva yuleyule na mkia uleule, na wajomba zetu wenye shahada wanaituma kwenye kundi la ukoo wakiwa na uhakika. Waamerika hao wana nafuu, kwa sababu wao walau walipewa saa nzima ya mkanda.

MzeeWaMaktaba
Mleta uzi umeruka sehemu ambayo kwangu ndiyo ufunguo. Ghala la msambazaji liliteketea kwa moto, na mkanda mama pamoja na kazi ya jalada vikaungua humo. Zilizosalia ni nakala chache zilizokuwa zimeshapelekwa kwenye maduka ya video, na nakala hizo zikaanza kurudufiwa na watu binafsi, mmoja akimrudufia mwenzake. Katika safari hiyo majina ya waigizaji yakadondoka. Hivyo aliyepokea mkanda mwaka 1993 hakupokea filamu, bali alipokea kaseti nyeusi isiyo na jalada, isiyo na mwanzo rasmi wala mwisho, iliyotoka mkononi mwa mtu anayemwamini.

Mimi nilikuwa na maktaba ya video Morogoro enzi za kaseti za VHS. Tulipokea mikanda iliyorekodiwa juu ya mikanda mingine, hadithi inaanza katikati kwa sababu aliyerudufu alichelewa kubonyeza, na inakatika kabla ya mwisho kwa sababu ukanda umeisha. Wateja walinijia kuuliza kama vita walivyoviona ni vya kweli au vya kuigiza, na walikuwa watu wazima wenye akili zao timamu. Majina yakiondolewa, mtazamaji ananyang'anywa kitu cha kwanza kinachomwambia atazame kwa jicho gani. Kwa hiyo mimi nasema mkosaji ni moto pamoja na mashine za kurudufia. Imani ilifuata baadaye.

MtazamajiWaEastleigh
Hii si ile ya familia ya McPherson, Montana, wakati wa chakula cha Siku ya Shukrani? Niliiona, na nakumbuka wazi kwamba kulikuwa na wataalamu waliohojiwa katikati ya filamu, na majina ya waigizaji yaliorodheshwa mwishoni. Sasa mnaposema majina yalipotea kwa moto, mbona mimi niliyaona?

MkandaMweusi
Hizo ni filamu mbili, ndugu yangu, na kuchanganya kwako kuna sababu nzuri. Uliyoiona ni Alien Abduction: Incident in Lake County, iliyorushwa na kituo cha UPN tarehe 20 Januari 1998. Mwongozaji ni Alioto huyohuyo, aliyepewa nafasi ya kuitengeneza upya kwa ajili ya televisheni, safari hii akiwa na fedha za kutosha, na mle ndimo ilimo familia ya McPherson. Watu walipoanza kuutafuta mkanda wa zamani wakaubandika jina la ukoo wa filamu mpya, na ndiyo maana leo ile ya 1989 inauzwa kwa jina la The McPherson Tape ingawa ndani yake hakuna McPherson hata mmoja.

MtazamajiWaEastleigh
Ahsante. Lakini ona jinsi jambo hilo linavyovuruga hoja ya Mzee. Ile ya 1998 ilikuwa na orodha ya waigizaji, ilirushwa na kituo kinachojulikana, ilikatizwa na matangazo ya biashara, na bado wapo watazamaji walioamini. Moto haukuwepo hapo.

FundiKamera
Naomba niingie kwa upande wa ufundi, kwa sababu nimepiga video za harusi tangu enzi za kamera za kaseti na naona mnaizungumzia picha yenyewe kidogo mno.

Kamera za wakati ule zilikuwa na tabia moja. Mwanga ukipungua, kamera inajiongezea nguvu yenyewe, na matokeo yake giza haliwi jeusi bali linakuwa kijivu chenye chengachenga zinazotembea. Ukipeperusha taa mbele yake, mwanga unaacha mkia kwenye picha. Lenzi inahangaika kutafuta cha kukishika, inaenda mbele na kurudi nyuma, na uso wa mtu unakuwa ukungu kwa sekunde mbili tatu. Sasa mweke kiumbe mfupi aliyevaa kinyago cha bei rahisi ndani ya picha ya namna hiyo, umbali wa hatua ishirini, na umwonyeshe kwa muda mfupi kabla mshika kamera hajageuka na kukimbia. Kinyago hakionekani. Kinachoonekana ni umbo la kichwa tu, na mengine yanamaliziwa na mtazamaji mwenyewe. Halafu rudufu mkanda huo mara kadhaa, kwa kuwa kila kizazi cha VHS kinapoteza rangi na kingo za vitu, na utaona kwamba nakala mbaya zaidi ndiyo inayoshawishi zaidi. Mtu aliyekuwa na mkanda mama angeona mishono ya mavazi.

Kwa hiyo umaskini wa bajeti haukuwa kikwazo cha filamu hii, ulikuwa mtaji wake. Angepewa milioni moja angewasha taa, na taa zingemwumbua.

ShakaDaima
FundiKamera amesema kweli, ila ameacha sauti. Watafiti walioutetea mkanda ule walishikilia zaidi namna wanafamilia wanavyozungumza kwa pamoja, wanakatizana, wanarudia neno moja mara tatu, wanacheka pasipo kichekesho, mama anaendelea kuhangaikia keki wakati wanawe wanahema kwa hofu. Afisa mstaafu wa jeshi la anga alifikia kuusifu hadharani kama ushahidi. Waigizaji walipewa mwelekeo wa tukio na kuachiwa wabuni maneno wenyewe papo hapo, na masikio ya watazamaji wa wakati ule, yaliyozoea mazungumzo ya kupokezana kistaarabu ya televisheni, hayakuwa na kapu la kuyawekea mazungumzo ya aina hiyo isipokuwa kapu la ukweli.

BintiMakunduchi
Mnazungumza kana kwamba kutekwa usiku kulivumbuliwa na kamera. Sisi tuliokulia Unguja tunajua hali ya mtu kuamka usiku akiwa ameshikwa, hawezi kunyanyua mkono, kifua kimekandamizwa na chumbani kuna aliyesimama. Bibi zetu waliita jinamizi na walikuwa na dua zake. Mwaka 1995, Popobawa, yule pepo wa usiku, alipovuma Pemba na Unguja, watu wazima walihama vyumba vyao wakalala nje kwa makundi, wamekoka moto, kwa sababu aliyelala peke yake ndiye aliyeogopa kufikiwa. Hakuna aliyehitaji mkanda wa video. Waliotazama filamu ya Alioto walikuwa na hofu ileile, isipokuwa mgeni wao huja na chombo kinachong'aa.

MuuguziWaZamu
Dada yangu BintiMakunduchi ameigusa hoja ambayo hospitalini tunaijua. Mtu anapokuwa katika hatua ya usingizi yenye ndoto nyingi, ubongo hulegeza misuli ya mwili ili asiitekeleze ndoto yake, na wakati mwingine fahamu hurudi kabla ya misuli kuachiwa. Kwa sekunde au dakika chache mtu anaona chumba chake halisi huku ndoto ikiendelea juu yake, anahisi uzito kifuani, na mara nyingi anahisi kuna kiumbe karibu. Uchovu, kulala chali na zamu za usiku huongeza uwezekano. Imeshanitokea baada ya zamu ndefu, na naweza kuwaambia kwamba kujua maelezo yake ya kitabibu hakukunisaidia chochote nilipokuwa ndani yake. Wapo wanasaikolojia wanaoona kwamba sehemu ya simulizi za kutekwa na viumbe wa angani zinatokana na hali hiyo.

ShakaDaima
Nakubaliana nawe kuhusu simulizi za chumbani, lakini turudi kwenye filamu. Familia ya Van Heese haijalala. Wako sebuleni, wako wengi, wanacheza karata ili kumtuliza mtoto. Betty na Barney Hill, ambao kisa chao cha kutekwa cha Septemba 1961 huko New Hampshire ndicho kilichojulikana kwanza kwa upana nchini Marekani, walikuwa ndani ya gari barabarani. Travis Walton, aliyesema alitekwa mwaka 1975, alikuwa msituni Arizona na wenzake wakata miti. Jinamizi halielezi hata kimoja kati ya hivi.

Mimi naona mtiririko ni wa skrini kwenda kwa watu, kisha kurudi kwenye skrini. Tarehe 20 Oktoba 1975 televisheni ya NBC ilionyesha filamu ya kisa cha akina Hill, The UFO Incident, James Earl Jones akiwa Barney. Walton alitoweka tarehe 5 Novemba mwaka huohuo. Rudini nyuma zaidi: Barney alieleza macho ya viumbe yaliyozunguka hadi pembeni mwa kichwa alipokuwa chini ya hipnosia, yaani usingizi wa kuelekezwa na daktari, kwa Dakta Benjamin Simon mnamo Februari 1964, siku chache baada ya televisheni kuonyesha sehemu ya mfululizo wa The Outer Limits yenye kiumbe wa macho ya namna hiyo. Kisha mwaka 1987 kikatoka kitabu cha Whitley Strieber, Communion, chenye ule uso wa kijivu kwenye jalada, na baada ya hapo karibu kila aliyesimulia alimwona kiumbe yuleyule. Alioto alipotengeneza vinyago vyake, Waamerika walikuwa wameshafundishwa mtekaji anafananaje.

MpembaUgenini
ShakaDaima, unazipanga tarehe kwa ustadi, lakini tarehe kufuatana si ushahidi. Betty Hill alikana kwamba waliwahi kuufahamu mfululizo huo, na hakuna aliyemthibitisha Barney akiwa mbele ya televisheni usiku ule. Walton naye alikuwa na wenzake sita waliosema waliona mwanga, na unapaswa kuwaeleza wote, si yeye peke yake.

Halafu kuna watoto wa shule ya Ariel, Ruwa, nje kidogo ya Harare. Septemba 1994 wanafunzi wapatao 62 walisema waliona chombo na viumbe karibu na uwanja wa shule, mchana, wakati wa mapumziko. Profesa John Mack wa Harvard alikwenda kuwahoji, na wengi wao wakiwa watu wazima bado hawajabadili maneno. Nao walitazama UFO Abduction?

ShakaDaima
Hawakuhitaji kuitazama. Siku mbili kabla ya tukio lile roketi ya Urusi iliingia angahewa na kuungua, ikaonekana anga nzima ya kusini mwa Afrika, na watu wakawa wanaizungumzia kama kisahani. Mazungumzo yalikuwa hewani tayari. Isitoshe, hakuna mtoto aliyetekwa pale, kwa hiyo tunatoka nje ya mada.

MpembaUgenini
Roketi iliyoungua usiku haisimami mchana kweupe karibu na uwanja wa shule. Lakini sawa, tuiache Ruwa, ina uzi wake.

KijanaWaUbungo
Mtu akishindwa kwa tarehe anasema tumetoka nje ya mada. Endeleeni, wakuu.

MwanafunziWaHistoria
Naomba kuongeza mfano wa zamani. Mwaka 1938 Orson Welles alitangaza redioni mchezo wa uvamizi wa viumbe kutoka Mars, na Marekani nzima ikakimbilia barabarani. Kumbe udhaifu huu wa Waamerika ni wa muda mrefu kuliko kamera za video.

MzeeWaMaktaba
Mwanafunzi, huo umati uliojaa barabarani ni wa magazetini zaidi kuliko wa barabarani. Wapo walioogopa na waliopiga simu polisi, lakini watafiti waliolichunguza jambo hilo baadaye wameonyesha kwamba waliokuwa wakisikiliza kipindi kile walikuwa wachache, na kwamba magazeti yaliyokuwa yakinyang'anywa matangazo ya biashara na redio yalikuza habari. Ukitaka taharuki ya kweli, nenda Quito, Ekuador, Februari 1949. Redio ilirudia hadithi ileile kwa majina ya mitaa ya pale, watu wakaingia barabarani, na walipoambiwa ni mchezo walilichoma jengo la gazeti la El Comercio lililokuwa na kituo hicho cha redio. Watu walikufa.

BintiMakunduchi
Hapo ndipo napenda. Kwa hiyo hata hadithi kwamba watu walidanganyika inaweza kuwa imetiwa chumvi. Je, tuna hakika gani kwamba watafiti wengi waliuamini mkanda wa Alioto? Au ni wachache, na wengine wetu tunapenda kuwacheka?

MkandaMweusi
Swali la haki. Walioutetea hadharani ni wachache na wanatajwa kila mara walewale. Lakini tukio lenyewe la mkanda kuzungushwa na kuonyeshwa kama ushahidi lipo, na Alioto alilieleza mwenyewe.

FundiKamera
Na tusimsahau mwongozaji. Mnamfanya malaika aliyepatwa na ajali ya moto. Filamu yake inafunguka kwa maandishi yanayoutambulisha mkanda kama kitu kilichotokea kweli, na mwaka 1998 akaingiza wataalamu wanaohojiwa kwa sura nzito. Biashara ya filamu ilijifunza haraka: The Blair Witch Project ya 1999 ilitangazwa kwa tovuti iliyosema vijana wale wamepotea, na ikaingiza karibu dola milioni 250. Mwaka 2009 The Fourth Kind ilimleta Milla Jovovich kutuambia kwamba visa vya kutekwa huko Nome, Alaska, vina kumbukumbu za kweli, na studio ikaweka mtandaoni habari za kubuni zenye majina ya magazeti halisi ya Alaska, hadi chama cha waandishi wa habari cha huko kikadai na kulipwa. Huo si mtazamaji kujidanganya. Huo ni uongo uliopangwa mezani.

MzeeWaMaktaba
Wala si jambo la Marekani peke yake. Mwaka 1980 Ruggero Deodato wa Italia alifikishwa mahakamani kwa filamu yake Cannibal Holocaust, ikabidi awalete waigizaji wake kuonyesha kuwa wako hai. Yeye alipata bahati, aliokolewa na watu wenye sura. Alioto alijitokeza yeye mwenyewe na bado akaambiwa anadanganya.

MuuguziWaZamu
Hilo la mwisho ndilo linalonishangaza, na sioni kama moto, chengachenga za picha au tarehe za ShakaDaima vinalieleza. Aliyeitengeneza amekwambia ameitengeneza. Nimewahi kumhudumia mgonjwa aliyehitaji sana maelezo fulani ya maumivu yake yawe ya kweli, na majibu ya vipimo yalipokuja safi alisema mashine ni mbovu. Hakuwa mjinga hata kidogo. Maelezo yale yalikuwa yameshambebea mambo mengi mno.

MkandaMweusi
Ndivyo nilivyosema kwenye chapisho la kwanza.

MtazamajiWaEastleigh
Sivyo. Wewe ulisema walikuwa wameamini kabla ya kubonyeza kitufe. Muuguzi anasema walishindwa kuacha baada ya kubonyeza. Mtazamaji wa aina hiyo ya pili anaweza kuwa mtu aliyeanza na mashaka kabisa, akashikwa na ile sauti ya familia inayokatizana, kisha akaona aibu kurudi nyuma.

MkandaMweusi
Sikubali, lakini nimekuelewa.

FundiKamera
Basi tufanye jaribio. Filamu imerejeshwa na kutolewa upya na American Genre Film Archive. Tukate majina, tuirudufu kwenye kaseti mara kadhaa iharibike kama ilivyoharibika, kisha tuionyeshe kwa watu wasioijua na tuwaulize wanaona nini. Mashine mbili za VHS ninazo, zote zinafanya kazi.

ShakaDaima
Jaribio lako limekufa kabla hujawasha mashine. Tangu 1999 kila mtu anajua kwamba kamera inayotikisika gizani ni mtindo wa filamu za kutisha, na atakwambia hivyo kabla familia haijamaliza kuimba wimbo wa siku ya kuzaliwa. Unahitaji mtazamaji ambaye hajawahi kuona filamu hata moja ya aina hiyo, na kwa simu zilizopo mikononi mwa watu leo sijui utampata wapi.

BintiMakunduchi
Mpeni bibi yangu. Atawaambia bila kusita kwamba ni kweli, kisha atawauliza kwa nini watu wale hawakusoma Ayatul Kursiyu.